Malenga

Nilikuwa karani wa baraza la ardhi, Dodoma,
chumba cha tatu, feni moja, mbovu.
Kwetu ni Pangani. Kiswahili changu
nilikinyonya, sikukisomea,
nikawa nakivaa kazini kama kanzu iliyopigwa pasi.
Aliyesema *ng'ombe yangu* nilimwandikia *ng'ombe wangu*,
kimyakimya, bila kumuuliza,
nikadhani namsitiri.

Siku ile Yona tarishi, mkalimani wetu asiyelipwa,
alikuwa msibani Ihumwa.
Akaitwa Perisi Chidawali, mdai, wa Mvumi,
miguu myeupe kwa vumbi la njia,
hati zake zimefungwa kwenye pindo la kanga.
"Lugha ya baraza ni Kiswahili," nikamwambia.
Akaitika ndiyo, kama mtu anayeonyeshwa
mlango uko upande gani.

Alianza vizuri. Kusini, korongo.
Mashariki, uzio wa mdaiwa, uliosogea usiku.
Kisha Kiswahili kikamwishia
kama unga unavyoisha mwezi wa pili,
akaingia ghalani kwake, akatoka na Kigogo.

Mimi sikumfuata humo.
Nilitazama mkono wake: ulichimba hewa,
ukachota, ukapeleka mdomoni.
Katika mvua yote ile ya maneno
nilikinga tone moja tu, nililolijua:
malenga.

Baba yangu alikuwa malenga.
Vina vya kati, vina vya mwisho,
watu walivuka mto kuja kumsikiliza akimjibu mtu
aliyemtukana kwa beti saba.
Nikaandika, kwa mwandiko mzuri kuliko wa siku zote:
*Mdai anaeleza kuwa chini ya mchanga wa korongo
yumo malenga, ambaye mama yake alimchimbia.*

Nikamsomea. Umeelewa?
Akalisikia neno lake, zima,
limekaa ndani ya karatasi ya serikali.
Alitabasamu, jamani. Akatoa dole gumba.

Mwenyekiti aliandika hukumu kwa Kiingereza,
kurasa sita. Mimi ndiye niliyezipiga chapa.
Zilisema, ukizikamua,
kwamba kaburi halikuthibitishwa,
wala hakuna aliyemtaja marehemu kwa jina.
Korongo likaenda kwa mwenye uzio.
Perisi akapewa nakala yake. Akaikunja vizuri.

Miaka minne ikapita. Napeleka hati za wito Mvumi,
pikipiki ya ofisi ikapasuka tairi Handali,
Oktoba, saa nane, hata kuku wamejificha.
Akatoka mtoto wa miaka kama sita,
bakuli la plastiki mikononi, akapiga goti:
"Malenga."
Nikageuka kuangalia nani anaitwa.
"Malenga," akarudia, polepole na kwa sauti kubwa,
vile sisi tunavyowasemesha wageni.

Yalikuwa ya uvuguvugu, yana chumvi kidogo,
na mchanga umetuama chini.

Niliandika *yumo*. Ilikuwa *yamo*.
Herufi moja, nami mwana wa mtu
aliyekesha usiku akitafuta kina.

Korongoni nilikuta pampu, kufuli, kijana mwenye daftari,
ndoo shilingi mia.
Kwenye foleni, wa tisa au wa kumi, alikuwamo Perisi.
Alinitambua kabla sijajificha nyuma ya pikipiki.
"Mbukwa, karani," alisema,
na mimi, miaka kumi na moja Dodoma,
sikujua kinachojibiwa.
Nikamwamkia shikamoo, akaipokea.
Nikamuuliza za nyumbani.

"Ng'ombe yangu ilikufa," akasema. "Yote."

Kalamu ilikuwa mfukoni.
Sikusahihisha.